Milango ya Moyo wa Mtoto Mchanga

Somo la redio kwa madarasa ya watu wazima, Nyanda za Juu Kusini

Maneno ya kuandikwa ubaoni kabla ya somo: moyo, mlango, mapafu, ulimi, buluu, jasho, rufaa.

Natumaini kila mtu amekwisha kupata mahali pa kukaa, na daftari na kalamu viko tayari. Mwenye redio na aongeze sauti kidogo, ili walio nyuma nao wapate kusikia. Mwalimu wenu ameandika maneno saba ubaoni. Yasomeni pamoja, polepole, neno moja moja.

Vizuri. Leo tutazungumza juu ya moyo wa mtoto mchanga, na hasa juu ya milango iliyomo ndani ya moyo huo. Labda mmoja wenu atasema, "Mambo ya moyo ni ya waganga wa hospitali kubwa. Sisi yatuhusu nini?" Yatuhusu sana. Mtoto hazaliwi mikononi mwa bingwa wa moyo. Huzaliwa mikononi mwa mkunga wa zahanati, na kesho yake yuko mikononi mwa mama yake, na bibi yake, na baba yake, katika nyumba ya Mufindi au Kilolo, ya Rungwe au Mbarali. Bingwa yuko mbali. Watakaoona kwanza ni ninyi. Mkitambua mlichokiona, bingwa atapata kazi ya kufanya. Msipotambua, hatapata hata habari kwamba mtoto huyo alizaliwa.

1. Moyo na kazi yake

Kunja mkono wako uwe ngumi. Moyo wako ni mkubwa kadiri ya ngumi hiyo. Mtoto mchanga naye moyo wake ni kadiri ya ngumi yake, yaani kama ndimu ndogo. Lakini ndimu hiyo haina mchezo. Moyo wa mtu mzima aliyekaa kimya hupiga mara 60 hadi 100 kwa dakika moja. Moyo wa mtoto mchanga hupiga mara 120 hadi 160.

Moyo ni nyumba yenye vyumba vinne, viwili juu na viwili chini. Ukuta umetenga upande wa kulia na upande wa kushoto. Damu iliyokwisha kufanya kazi mwilini hurudi upande wa kulia. Damu hiyo ni nyeusi nyeusi, kwa kuwa imeishiwa oksijeni, ile sehemu ya hewa inayotupa uzima. Upande wa kulia huisukuma mpaka mapafuni. Huko hupata hewa, nayo hugeuka nyekundu. Kisha hurudi upande wa kushoto, na upande wa kushoto huisukuma iende kichwani, tumboni, mikononi na miguuni. Ndivyo inavyozunguka usiku na mchana.

Sasa, ni nini kinachoizuia damu isirudi nyuma? Hapo ndipo tunapofika kwenye milango. Moyo una milango minne. Miwili iko kati ya vyumba vya juu na vya chini. Mmoja uko kwenye njia ya kwenda mapafuni, na mmoja kwenye njia ya kwenda mwilini. Waganga huiita milango hiyo valvu. Neno hilo si geni kwenu. Kila mwenye baiskeli anaijua valvu ya gurudumu. Ukipiga pampu, upepo huingia. Ukitaka kutoka, valvu huuzuia. Milango ya moyo nayo ni hivyo hivyo: hufunguka upande mmoja tu. Tofauti ni kwamba haikutengenezwa kwa chuma wala kwa mpira, bali kwa ngozi nyembamba sana, laini, yenye vipande viwili au vitatu vinavyokutana katikati.

2. Mtoto tumboni na mtoto aliyezaliwa

Sikilizeni sehemu hii kwa makini, maana ndiyo ufunguo wa somo letu.

Mtoto akiwa tumboni hapumui. Mapafu yake hayana kazi bado. Hewa na chakula humfikia kwa njia ya kitovu, kutoka katika kondo la nyuma. Kwa kuwa mapafu hayafanyi kazi, damu haina haja ya kwenda huko kwa wingi. Kwa hiyo moyo wa mtoto aliye tumboni una njia mbili za mkato. Ya kwanza ni tundu katika ukuta kati ya vyumba viwili vya juu. Ya pili ni mshipa mfupi unaounganisha njia ya mapafuni na njia ya mwilini, kama kichochoro kati ya barabara mbili kubwa.

Mtoto akizaliwa, hulia. Akilia, mapafu hufunguka, na damu huanza kwenda huko. Sasa njia za mkato hazina kazi tena. Kile kichochoro huanza kujifunga chenyewe, na kwa watoto wengi huwa kimefungwa katika siku tatu za kwanza.

Kwa mtoto mwenye moyo mzima, hilo ni jambo jema. Lakini fikirini mtoto ambaye mlango wa kwenda mapafuni umeziba tangu tumboni. Damu yake haipiti mlangoni. Hupita kichochoroni, ikafika mapafuni kwa kuzunguka. Siku ya kwanza mtoto ananyonya, analia, na mkunga anafurahi. Mama anaruhusiwa kwenda nyumbani. Siku ya pili au ya tatu kichochoro kinafungwa. Njia kuu imeziba, na njia ya mkato nayo imeziba. Mtoto aliyekuwa mzima asubuhi, jioni yuko hatarini.

Basi jueni hivi: mtoto kuonekana mzima siku ya kwanza si hati ya kumaliza hatari. Kuna mitoto ya mioyo ambayo huonyesha ugonjwa wake ikiwa imekwisha kufika nyumbani. Ndiyo sababu mama huambiwa arudi kliniki na mtoto wake katika wiki ile ya kwanza. Safari hiyo haifanywi kwa ajili ya kukaguliwa kitovu peke yake.

3. Milango inavyoumbika vibaya

Mlango wa moyo huweza kuwa na kasoro ya namna tatu.

Namna ya kwanza ni mlango mwembamba. Vipande vyake vimeshikana, havifunguki sawasawa. Moyo hulazimika kusukuma kwa nguvu nyingi ili damu ipenye. Kuta zake huwa nene, na mwishowe huchoka.

Namna ya pili ni mlango usioumbika. Mahali penye mlango pameziba, hapana njia kabisa.

Namna ya tatu ni mlango unaovuja. Hufunguka vizuri lakini haufungi. Damu husukumwa mbele, na nyingine hurudi nyuma, na moyo hufanya kazi moja mara mbili.

Kasoro hizi si sawa kwa uzito. Kuna watu waliozaliwa na mlango wa njia ya mwilini wenye vipande viwili badala ya vitatu, ambao hufika uzee bila kujua. Na kuna mtoto ambaye mlango wake umeziba kabisa, ambaye siku tano ni nyingi kwake. Tena, kasoro ya mlango mara nyingi haiji peke yake. Huja pamoja na tundu katika ukuta wa moyo.

Je, watoto hawa ni wengi? Kati ya kila watoto 1,000 wanaozaliwa hai, kama 8 wana kasoro fulani ya moyo, ya mlango, au ya ukuta, au ya mishipa mikubwa. Ni hivyo Ulaya, ni hivyo Marekani, na hapana sababu ya kudhani kwamba Iringa na Mbeya ni pungufu. Katika kata yenye vizazi vingi, watoto hawa wapo kila mwaka. Kama hatuwaoni, ni kwa kuwa hatujui kuwatazama, au wanazikwa kwa jina la ugonjwa mwingine.

4. Dalili za kutazama

Dalili ya kwanza ni rangi. Sisi wa Nyanda za Juu tunaijua baridi. Mwezi wa Juni na wa Julai, huko Mufindi na kwenye milima ya Uporoto, hata mtu mzima vidole vyake hufa ganzi. Mtoto mchanga akipatwa na baridi, mikono na miguu yake huweza kugeuka rangi ikawa ya buluu. Mfunike, mweke kifuani mwa mama ngozi kwa ngozi, naye atarudi katika hali yake. Hiyo ni baridi.

Lakini baridi haigeuzi ulimi. Ulimi umo kinywani, na kinywa kina joto. Mtoto ambaye ulimi wake na ufizi wake na ndani ya midomo yake ni rangi ya buluu, kama mtu aliyekula zambarau, huyo haumwi na baridi. Damu yake haina hewa ya kutosha. Hata umfunike mablanketi matatu, hatabadilika.

Ngozi yetu ni nyeusi, kwa hiyo usitazame shavu ukadhani umetazama. Tazama ulimi. Wala usitazame kwa mwanga wa kibatari, jikoni penye moshi. Mlete mtoto mlangoni, mchana, mahali penye mwanga wa jua. Akilia au akipiga mwayo, tazama ndani ya kinywa. Kazi hii ni ya nukta chache tu, na kila bibi aweza kuifanya.

Dalili ya pili ni kunyonya kwa taabu pamoja na jasho. Kwa mtoto mchanga, kunyonya ndiyo kazi nzito kuliko zote. Ni kama sisi kupanda mlima na gunia la viazi kichwani. Mtoto mwenye moyo dhaifu hunyonya kidogo, huachia ziwa, huhema, hulala. Kisha huamka na njaa, huanza tena, huachia tena. Na kichwa chake hutoka jasho. Fikirini: asubuhi ya Tukuyu, ukungu umetanda, watu wote wamejitanda shuka, na mtoto anatoka jasho usoni kwa kunyonya tu. Jasho hilo lina habari yake. Lisikilizeni.

Dalili ya tatu ni pumzi. Mtoto mchanga mzima, akiwa ametulia, huvuta pumzi mara 30 hadi 60 kwa dakika. Subiri alale. Funua tumbo lake. Shika saa au simu, uhesabu tumbo linavyopanda kwa dakika moja nzima. Ikizidi 60, hesabu mara ya pili. Ikizidi tena, nenda kituoni siku hiyo hiyo. Andika hesabu yako katika daftari, pamoja na tarehe na saa. Ndugu zangu, hapa kisomo chenu ni dawa. Mganga akimsikia mama akisema, "Mtoto ahema," atamsikiliza. Akimwona mama aliyeandika, "Jumatatu 72, Jumanne 78," atainuka kitini.

Dalili ya nne imo katika kadi ya kliniki. Mtoto mzima hupungua uzito kidogo siku za kwanza, halafu huurudisha, naye huendelea kupanda. Mstari wa kadi yake hupanda kama njia ya mlimani. Mtoto mwenye ugonjwa wa moyo mstari wake hulala, au hushuka. Jifunzeni kuusoma mstari huo. Msingoje nesi awasomee.

Dalili ya tano ni ya mtoto ambaye hawi buluu. Huyu mlango wake wa njia ya mwilini ndio mwembamba mno. Damu haiendi mwilini. Hupauka, miguu yake ni baridi hata akifunikwa, hulegea, hataki ziwa, hakojoi sana. Mtoto huyu naye ni wa kukimbiza.

Ninyi hamna haja ya kujua kama ni moyo, au nimonia, au ugonjwa umeingia katika damu. Dalili hizi zafanana, na zote ni za hospitali siku hiyo hiyo. Kutenganisha magonjwa ni kazi ya mganga. Kazi yenu ni kuona na kwenda.

5. Maneno yanayochelewesha

Sasa nitasema jambo lisilopendeza, lakini yafaa lisemwe. Watoto wengine hufa kwa sababu ya maneno.

Mtoto hakui. Jirani anasema, "Mtoto huyu amebemendwa." Maana yake nini? Maana yake baba au mama hakuvumilia, ndiyo sababu mtoto amedhoofika. Basi baba anamtazama mama kwa jicho baya, mama mkwe ananuna, na mama mwenye mtoto anaona haya kwenda kliniki, asije akachekwa. Wiki mbili zimepita. Ndugu zangu, mlango wa moyo huumbika katika miezi miwili ya kwanza ya mimba, wakati mama mwingine hajatambua bado kwamba ana mimba. Halina uhusiano na lolote lililotendeka baada ya kujifungua. Mwanamume anayemlaumu mkewe kwa jambo hilo anamwonea, tena anampotezea mwanawe siku.

Mtoto anakohoa na kuhema. Mwingine anasema, "Ni kimeo, akakatwe." Au, "Ana meno ya plastiki, yang'olewe." Mtoto ambaye moyo wake umechoka anatiwa kisu kinywani, anatoka damu, anaingiwa na vijidudu. Kimeo hakina kosa. Ufizi hauna kosa.

Na mwingine anasema, "Ngojeni, akifika arobaini atatengemaa." Wahenga wamesema, mficha maradhi kifo humuumbua. Nami naongeza: mtoto wa siku tatu hana arobaini ya kungojea.

6. Njia ya kufuata

Anzeni zahanati au kituo cha afya. Mpeni mganga kadi na daftari lenu. Vituo vingine vina kipimo kidogo cha kubana mkono au mguu wa mtoto, kinachoonyesha kiasi cha oksijeni katika damu. Hakichomi wala hakiumi. Hupimwa mkono wa kulia na mguu mmoja. Kwa kawaida namba huwa 95 au zaidi. Ikiwa chini ya 90, hapana kungoja. Huku kwetu milimani hewa ni nyepesi kidogo, na mganga atalikumbuka hilo anaposoma namba zilizo katikati. Waulizeni bila kuona haya: "Mtoto wetu amepimwa oksijeni?" Kuuliza si utovu wa adabu.

Mganga atasikiliza kifua. Damu ikipita penye mlango mwembamba huvuma, kama maji ya mto yanavyopiga kelele penye mawe. Lakini si kila mvumo ni ugonjwa, na si kila ugonjwa una mvumo. Kwa hiyo mtoto akitiliwa shaka, hupewa barua ya rufaa. Isomeni barua hiyo wenyewe: jina la mtoto, jina la hospitali, tarehe.

Kwa watu wa Iringa, hospitali hiyo ni Hospitali ya Rufaa ya Mkoa wa Iringa. Kwa watu wa Mbeya na mikoa ya jirani ni Hospitali ya Rufaa ya Kanda Mbeya, ambayo wodi zake za wazazi ziko Meta. Kipimo kinachotoa jibu la hakika huitwa eko. Mganga hupitisha kifaa laini juu ya kifua cha mtoto, na mawimbi ya sauti huchora picha ya moyo katika kioo. Milango huonekana ikifunguka na kufunga.

Mtoto anayehitaji kutengenezewa mlango hupelekwa Dar es Salaam, katika Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete, iliyoko Muhimbili. Zamani wagonjwa wa namna hii walipelekwa ng'ambo, hasa India, na waliopata nafasi walikuwa wachache. Upasuaji wa moyo ulianza Muhimbili mwaka 2008, na Taasisi hiyo ilianza kusimama peke yake mwaka 2015. Leo watoto hupasuliwa moyo hapa hapa nchini.

Safari ni ndefu. Kutoka Iringa ni kilometa kama 500, na kutoka Mbeya ni zaidi ya 800, kuteremka Kitonga na kupita Mikumi. Mtoto aliye mahututi hapelekwi kwa basi bila kwanza kutengenezwa hali yake hospitalini. Mtoto aliyetulia, mchukueni ngozi kwa ngozi kifuani, mnyonyesheni kidogo kidogo mara nyingi, na msimfunike uso.

Juu ya fedha nitasema wazi. Upasuaji wa moyo una gharama kubwa. Lakini msirudi nyumbani kabla ya kumwona ofisa wa ustawi wa jamii wa hospitali. Kazi yake ni kusikiliza familia zisizo na uwezo. Yapo pia mashirika yanayowasaidia watoto wa namna hii. Moja ni Save a Child's Heart la Israeli, lililoanzishwa mwaka 1995, ambalo limetibu watoto wa Tanzania na kuwafundisha waganga wa Tanzania kazi hiyo.

7. Tiba yenyewe

Mtoto ambaye mlango wake una kasoro ndogo hapewi chochote. Hupewa tarehe. Hutazamwa kila baada ya muda, naye hukua.

Mtoto ambaye moyo wake umechoka hupewa dawa za kupunguza maji mwilini na kuusaidia moyo.

Mtoto mchanga ambaye mlango wake umeziba hupewa dawa ya kutiririsha katika mshipa, inayozuia kile kichochoro kisifungwe. Dawa hiyo huitwa prostaglandini. Haitibu mlango. Hununua muda tu, mpaka mtoto afike kwa bingwa. Hutolewa hospitali kubwa, kwa kuwa yaweza kumsimamisha mtoto pumzi, na lazima awe na mlinzi kila saa.

Mlango mwembamba hufunguliwa kwa puto. Mganga hupitisha mrija mwembamba sana katika mshipa wa kinena mpaka ndani ya moyo. Kwenye ncha ya mrija kuna puto dogo lisilo na kitu. Likifika mlangoni hujazwa, na vipande vilivyoshikana huachana. Kisha hutolewa. Kifua hakipasuliwi. Daktari Jean Kan na wenzake wa Baltimore, Marekani, walitangaza njia hii mwaka 1982, na leo ndiyo tiba ya kwanza kwa mlango mwembamba wa njia ya mapafuni.

Palipo na mlango ulioziba ambao puto haliwezi kuufungua, hufanywa upasuaji. Mmoja wa zamani ni kuunganisha mshipa, ili damu ifike mapafuni kwa njia nyingine. Yaani waganga humtengenezea mtoto kichochoro kipya. Operesheni ya kwanza ya namna hiyo ilifanywa Baltimore tarehe 29 Novemba 1944. Bibi Helen Taussig, daktari wa watoto ambaye masikio yake yalikuwa mazito, akapapasa vifua vya watoto kwa vidole, ndiye aliyetoa shauri. Daktari Alfred Blalock ndiye aliyeshika kisu. Na nyuma ya Blalock alisimama mtu mweusi, Vivien Thomas, akimwelekeza hatua kwa hatua. Thomas alikuwa amejifunza useremala. Alitaka kusomea udaktari, lakini benki iliyokuwa na akiba yake ilianguka, naye hakuingia chuoni. Alijifunza kazini, akawa fundi wa kuwafundisha madaktari. Mwaka 1976 chuo kikuu cha Johns Hopkins kilimpa shahada ya heshima. Nawaambia haya ninyi mlioanza kusoma ukubwani, mpate kujua kwamba elimu haimuulizi mtu umri wake.

Njia ya mwisho ni kutengeneza mlango kwa sindano na uzi, au kuweka mlango mwingine. Waganga hupenda kuutengeneza ule ule wa mtoto wakiweza, kwa sababu mlango wa kuwekwa haukui. Mtoto hukua, mlango hubaki mdogo, na baadaye lazima ubadilishwe. Tena mwenye mlango wa chuma hunywa dawa ya kuzuia damu isigande maisha yake yote, na damu yake hupimwa mara kwa mara.

8. Baada ya kurudi nyumbani

Mtoto aliyetibiwa si kwamba amemaliza. Tarehe za kliniki zifuatwe hata kama anacheza mpira. Meno yake yasafishwe, maana vijidudu vya jino bovu huweza kuingia katika damu na kukaa kwenye mlango wa moyo. Homa isiyoeleweka isipewe dawa ya dukani, apelekwe apimwe. Apate chanjo zote. Na msimfiche ndani kama yai. Mwulizeni mganga kazi na michezo inayomfaa, kisha mwacheni akue.

9. Je, twaweza kuzuia?

Kasoro nyingi hazijulikani chanzo chake, na mama hana hatia. Lakini kuna mambo machache yaliyo mikononi mwetu. Ugonjwa wa rubela ukimpata mama katika miezi ya mwanzo ya mimba huweza kuharibu moyo, macho na masikio ya mtoto. Daktari Norman Gregg wa Australia aliutambua uhusiano huo mwaka 1941. Tanzania ilianza kutoa chanjo ya surua na rubela pamoja mwaka 2014. Msichana anayechanjwa leo anamlinda mtoto atakayemzaa kesho. Mama mwenye ugonjwa wa sukari atibiwe kabla ya mimba na wakati wa mimba. Asinywe dawa bila kumwuliza mganga. Na pombe iachwe, uwe ulanzi wa Iringa au komoni wa Mbeya. Ulanzi ni mtamu na msimu wake twaujua, lakini aliye tumboni hakualikwa.

Ndugu wasikilizaji, wakati wetu umekwisha. Nimesema mengi, mkisahau yote, shikeni haya matatu. Tazama ulimi, mchana, mlangoni. Jasho la kunyonya si bure. Siku tatu za kwanza usilale na shaka. Mwalimu atayaandika ubaoni, nanyi mtayanakili, kisha kila mmoja ayasome nyumbani kwa sauti, mbele ya bibi na mbele ya baba.

Kwaherini, mpaka somo lijalo.

Maswali ya kujadiliana darasani

1. Moyo una milango mingapi, na kazi yake ni nini?
2. Kwa nini mtoto huweza kuonekana mzima siku ya kwanza, akaugua siku ya tatu?
3. Utatofautisha vipi buluu ya baridi na buluu ya ugonjwa?
4. Hesabuni pumzi za mwenzenu mmoja aliyetulia kwa dakika moja. Andikeni tarehe, saa na hesabu.
5. Katika kijiji chenu, ni maneno gani yanayowachelewesha watu kumpeleka mtoto mchanga hospitali? Ni nani anayeweza kuyakomesha?
6. Kutoka kwenu mpaka kituo cha afya kilicho karibu ni mwendo wa saa ngapi? Nani ana chombo cha kumchukua mtoto usiku? Andikeni jina lake na namba yake ya simu, mbandike ukutani.